Jiwe Lililochongwa Likiwa Bichi

Mwashi wa pwani ya Waswahili wa miaka elfu moja iliyopita alikuwa akishindana na jua. Jiwe alilolitaka kwa ajili ya kibla cha msikiti, fremu ya mlango au aya ya Kurani halikutoka kwenye machimbo ya nchi kavu. Lilikatwa baharini likiwa hai, likafikishwa ufukweni likichuruzika maji. Katika hali hiyo lilikubali shoka, lilikubali tezo, na patasi ilizama bila kugongwa kwa nguvu. Kadiri lilivyokauka, ndivyo lilivyoanza kugoma. Likishakauka kabisa likawa jiwe kweli, la kukaa karne tisa na mistari yake bado inasomeka.

Siku hizi tunayaita yote matumbawe na kuishia hapo. Waashi wa zamani walitofautisha. Upo mwamba wa nchi kavu, ambao ni matumbawe ya zama za mbali sana yaliyobaki juu bahari iliposhuka: mgumu, wenye mashimo, uliochanganyika na makombe. Huo ulivunjwa vipande visivyo na umbo na kujengewa kuta nene kwa chokaa. Halafu lipo tumbawe hai ambalo wanasayansi wa bahari huliita Porites. Hukua kwenye maji ya kina kifupi kwa umbo la kichwa kikubwa cha mviringo, na vidudu vinavyolijenga ni vidogo mno, kiasi kwamba kitundu cha kimoja hakizidi sana milimita moja. Matumbawe mengine yana vikombe vipana, na ukijaribu kuchora mstari mwembamba juu yake ukingo unamomonyoka. Hili lina chembe laini za kulingana, ndiyo maana herufi iliyochongwa juu yake ilibaki herufi.

Kichwa cha tumbawe hili hukua kwa wastani wa kama sentimita moja kwa mwaka. Kwa hiyo tofali la jiwe lenye unene wa sentimita 40 lilichukua kama miaka arubaini kukua kabla ya mtu kulifikia na shoka. Na kama ilivyo kwa mti, miaka yake inahesabika ndani kwa mistari. Mwaka 2000 wanasayansi walichapisha kumbukumbu ya joto la bahari ya karibu karne mbili waliyoisoma kutoka kwenye tumbawe moja la Malindi. Waashi wa Kilwa hawakuhitaji kujua hayo yote, ila nashuku waliijua bahari yao kiasi cha kutambua kwamba kichwa kikubwa ni cha zamani na hakipatikani kila siku.

Kazi yenyewe iliwalazimu kufuata hesabu ya mvuvi. Siku zilizofaa zaidi ni za bamvua, mwezi ukiwa mpevu au ukiandama, maji yanapokupwa mpaka miamba inakaribia kuonekana. Siku za maji mafu hakuna la maana. Ndani ya maji jiwe ni jepesi kuligeuza, na hata likishakauka lina karibu nusu tu ya uzito wa marumaru ya ukubwa uleule. Watu wachache na chombo cha kawaida waliweza kulifikisha mjini. Pale ufukweni lilikatwa mraba mbichi, na nakshi ikaanza.

Tunajua mbinu hii ni ya zamani kwa sababu ya Shanga, kijiji kilichokufa kwenye kisiwa cha Pate, katika funguvisiwa la Lamu. Mark Horton alichimba pale miaka ya 1980, na chini ya msikiti wa Ijumaa akakuta msikiti chini ya msikiti, mmoja juu ya mwingine, wa mwanzo kabisa ukiwa wa karne ya 8. Ile ya mwanzo ilikuwa ya miti na udongo, midogo, isiyoelekea kibla sawasawa. Baada ya vizazi kadhaa, katika karne ya 10, watu wale wale mahali pale pale walianza kujenga kwa tumbawe la baharini lililokatwa mraba. Mji haukushushwa kutoka merikebuni ukiwa tayari. Ulibadilisha vifaa huku ukisali mahali pake.

Mbinu ya kukata tumbawe hai ilikuwa ikijulikana pia katika bandari za Bahari ya Shamu, na mabaharia wa pande zote mbili walikuwa wakipishana njiani. Nani alimfundisha nani ni mjadala wa wataalamu. Lililo wazi ni kwamba ufundi ukishafika mahali penye bahari yake, jiwe lake na wateja wake, unakuwa wa mahali hapo.

Twende Kizimkazi. Msikiti wa Dimbani, kusini mwa Unguja, kwa nje hauna la kukusimamisha: kuta nyeupe na paa la mabati. Watu wanasali humo hadi leo. Ndani, ukielekea kibla, ndipo jicho linaponasa. Upande wa kushoto wa mihrabu kuna mstari wa maandishi ya Kikufi, mwandiko ule wa kale wa Kiarabu wenye pembe na miinuko iliyonyooka. Hapa haukuachwa mkavu. Ncha za herufi zinachipua majani, na mashina yake yanajikunja kama mche uliopata maji. Herufi hazikuchorwa kwa kuchimbwa. Zimeinuka, kwa maana fundi aliondoa jiwe lote lililozizunguka na kuziacha zenyewe zikisimama.

Fikiri maana ya hilo. Ukichimba herufi ndani ya jiwe na mkono ukateleza, unaweza kuipanua kidogo kosa likajificha. Ukiinua herufi kwa kuondoa kinachoizunguka, jani likikatika limekatika. Mstari mrefu hautoshi kwenye jiwe moja, kwa hiyo ilibidi kupimwa mapema kila tofali litabeba maneno gani, na nafasi igawanywe ili neno la mwisho lisibanane. Kisha yote hayo yafanyike jiwe likiwa bado na unyevu. Mtu aliyeifanya kazi hii hakuwa akijaribu kwa mara ya kwanza.

Maandishi yanasema kwamba ujenzi wa msikiti uliamrishwa na Sheikh Abu Imran Musa bin al-Hasan bin Muhammad, siku ya Jumapili, katika mwezi wa Dhulkaadi, ambao sisi tunauita Mfunguo Pili, mwaka 500 wa Hijria. Kwa kalenda ya Kizungu ni 1107. Ni miongoni mwa maandishi ya kale zaidi yenye tarehe katika pwani nzima ya Afrika Mashariki. Jina la aliyetoa amri na mali limewekwa pamoja na nasaba yake. Jina la aliyeshika patasi halipo, na hilo ni kawaida ya nakshi karibu zote za pwani.

Pengo hilo ndilo lililoachia wengine nafasi ya kumjaza fundi wamtakaye. Samuel Flury, mtaalamu wa mwandiko wa Kikufi, alichapisha uchambuzi wake wa maandishi ya Kizimkazi mwaka 1922, na tangu hapo macho ya watafiti yakaelekea ng'ambo. Huko Siraf, bandari ya Ghuba upande wa Uajemi iliyopigwa na tetemeko la ardhi mwaka 977, kuna mawe ya makaburi yenye mwandiko unaofanana na huu. Hoja ikawa rahisi: mwandiko ni wa kule, basi na fundi ni wa kule. Kwa miongo kadhaa kazi yoyote nzuri iliyoonekana pwani ilikuwa inatafutiwa mwenyewe Shiraz, Siraf au Yemen, huku Mswahili akiachiwa kubeba mawe.

Mimi naona hoja hiyo ililiangalia jani ikalisahau jiwe. Mwandiko unaweza kusafiri ndani ya kichwa cha mtu mmoja, au kwenye karatasi, au kwenye kitambaa. Tumbawe bichi halisafiri. Haliwezi kuchongwa Siraf likaletwa Unguja, kwa sababu lilikatwa hapa hapa na likachongwa kabla halijakauka. Anayejua ni kichwa kipi cha tumbawe kina chembe laini, na jua limwache muda gani kabla jiwe halijagoma, ni mtu aliyekulia kwenye kazi hiyo. Horton na wengine wa kizazi chake waliopima na kuchimba tena walifikia kuona mkono wa wenyeji katika kazi ile, na mwandiko wa Kizimkazi ukawekwa kwenye orodha moja na nakshi nyingine za pwani badala ya kutajwa kama mgeni aliyepotea njia.

Kuna jambo jingine Kizimkazi ambalo wageni wengi hulipita. Sehemu kubwa ya msikiti unaouona si ya 1107. Jengo lilijengwa upya katika karne ya 18, na waashi wa wakati huo walikuta mawe ya wazee wao yana zaidi ya miaka mia sita. Wangeweza kuyasaga au kuyatia ndani ya ukuta kama kifusi. Pwani nzima imejaa mifano ya hayo. Wao waliyarudisha mahali pa heshima. Kisha, upande wa kulia wa mihrabu, wakaweka maandishi yao wenyewe ya kukumbuka ujenzi wa pili. Ukisimama katikati unayaona yote mawili kwa mpigo, na huhitaji kuwa mtaalamu kutambua yapi ni ya mkono ulioizoea patasi na yapi ni ya mkono unaojikaza kufuata. Nasema hivyo bila dharau. Mafundi wa karne ya 18 ndio sababu ya sisi kuwa na cha kuangalia. Nakshi ya Kizimkazi imedumu kwa ugumu wa tumbawe, ndiyo, lakini zaidi kwa sababu kila baada ya muda alikuwepo mtu wa kuliezeka paa.

Kilwa ilipata bahati tofauti. Juu yake peke yake tungeweza kuandika kitabu. Hapa nataka nguzo tu. Msikiti Mkuu wa Kilwa Kisiwani ulianza kama ukumbi mdogo wa karne ya 11 au ya 12, ambao paa lake lilishikwa na nguzo za mbao. Mwanzoni mwa karne ya 14 dhahabu ya bandari ya Sofala ilikuwa ikipitia mikononi mwa Kilwa, na Sultani al-Hasan bin Sulaiman aliuongezea msikiti ukumbi mkubwa upande wa kusini. Nguzo za ukumbi huo zilikuwa za tumbawe, kila moja ikiwa jiwe moja zima. Si mawe yaliyopangwa na kupigwa chokaa. Jiwe moja, kutoka sakafuni hadi juu.

Ukikumbuka mwendo wa sentimita moja kwa mwaka, utaelewa ukubwa wa majivuno hayo. Kila nguzo ilihitaji kichwa cha tumbawe kilichokuwa kimeishi zaidi ya karne, kipatikane kizima, kikatwe kwa urefu bila kupasuka, kitolewe majini, kivutwe hadi msikitini. Na zilihitajika nyingi, za kulingana. Nadhani hakuna kazi ya jiwe katika pwani yote iliyoitaka bahari itoe kiasi kile.

Hazikudumu. Mapokeo ya Kilwa yanasimulia kwamba msikiti uliporomoka na ukakaa gofu kwa muda mrefu, mpaka alipotawala Sulaiman bin Muhammad mwanzoni mwa karne ya 15. Waashi wake hawakurudia kosa. Walisimamisha nguzo nene za pembe nane kwa mawe yaliyokatwa na kuunganishwa kwa chokaa, wakazifunga kwa matao, na juu wakaweka makuba na dari za mviringo. Hizo ndizo nyingi unazozikuta zimesimama leo. Tumbawe ni zuri kwa kuchongwa na linastahimili mvua, lakini si jiwe la kubebeshwa uzito likiwa jembamba. Mafundi wa kwanza yamkini walijua. Sultani ndiye aliyetaka kuonyesha. Chokaa, kitu kisicho na fahari, ndicho kilichookoa jengo.

Na chokaa yenyewe ni tumbawe. Hupangwa magogo kwa duara, juu yake hulundikwa mawe ya matumbawe, moto hupigwa mpaka mawe yanageuka meupe na kuchambuka, kisha unga wake huachwa ulowane na kupoa kabla ya kutumiwa. Kazi hiyo haikukoma pwani. Tanuri za namna hiyo zimeendelea kuwaka katika vijiji mpaka wakati wetu. Ukuta wa Kilwa kwa hiyo ni tumbawe la nchi kavu, lililofungwa kwa tumbawe lililochomwa, likapambwa kwa tumbawe lililochongwa bichi. Bahari ile ile ilitoa mwili, gundi na pambo.

Sultani huyo huyo wa nguzo ndiye anayehusishwa na Husuni Kubwa, kasri lililo kwenye jabali linalotazama bahari, nje kidogo ya mji. Lina vyumba zaidi ya mia moja na birika la pembe nane, na inaelekea halikumalizika kabisa. Neville Chittick, aliyechimba Kilwa kuanzia mwisho wa miaka ya 1950, alipata humo vipande vya tumbawe vilivyochongwa maandishi ya kumsifu mtawala kwa cheo cha al-Malik al-Mansur, mfalme aliyenusuriwa. Ibn Battuta alifika Kilwa mwaka 1331, enzi za sultani huyo, akamsifu sana kwa ukarimu, lakini mji akauelezea kama wa nyumba za mbao. Yawezekana aliona nyumba za watu wa kawaida, maana hizo ndizo zilizokuwa nyingi, au kumbukumbu ilimpotea alipokuwa akisimulia safari zake miaka mingi baadaye. Mawe yapo.

Watawala wa pwani hawakukosa namna ya kununua nakshi za mbali. Marumaru yaliyochongwa Khambhat, huko Gujarat, yalisafirishwa mpaka Mogadishu na Kilwa kwa matajiri waliotaka jina lao kwenye jiwe jeupe la Kihindi. Yalikuwa bidhaa za fahari kama vyungu vya China, vichache na vya gharama. Hayakuliondoa tumbawe kazini. Kibla cha mtaa kiliendelea kuchongwa na fundi wa mtaa.

Katika karne ya 14 na ya 15 fundi huyo alibadilisha mtindo. Kikufi chenye majani kilipitwa na wakati, ikaja hati laini ya mviringo kwa maandishi, na kwenye fremu za milango zikaenea nakshi za vitu: kamba zilizosokotwa, mistari ya mifupa ya samaki, maua ya duara, pembe zinazopokezana. Songo Mnara, kisiwa jirani na Kilwa, kimejaa fremu za namna hiyo, kwa kuwa mji ule ulijengwa mwishoni mwa karne ya 14, ukaachwa katika karne ya 16, na haukujengewa juu. Milango yake ina hatua na kingo zilizokatwa kwa usawa ambao hata leo ukiupitisha kidole husikii kuruka. Zidaka za ukutani zilipangwa kwa ulinganifu uleule.

Gedi, karibu na Malindi, ina jambo dogo ninalolipenda kuliko birika na makasri yote. Kwenye Msikiti Mkuu, juu ya tao la mlango mmoja, fundi alichonga ncha ya mkuki mpana. Hakuna kitabu cha nakshi za Kiajemi kilichomwelekeza kuchonga mkuki. Anayetaka kusema mafundi hawa walikuwa wageni anapaswa kwanza aueleze mkuki ule. James Kirkman alianza kuchimba Gedi mwaka 1948, akayapa makaburi na misikiti namba na majina; kaburi moja limeandikwa mwaka 802 wa Hijria, yaani 1399, na tarehe hiyo ikawa kama msumari wa kuning'inizia historia yote ya mji. Mwaka 2024 UNESCO iliuingiza mji huo kwenye orodha ya urithi wa dunia.

Si kila mchoro uliodumu ulitoka kwa mabingwa. Kwenye lipu ya kuta za Gedi, Kilwa na Songo Mnara watu wasio na kazi walikwaruza picha za vyombo vya baharini, matanga na milingoti, kwa kitu chochote chenye ncha. Wengine walichora kwa pupa, wengine walijua kamba ipi inafungwa wapi. Leo wanahistoria wa vyombo vya bahari wanazitegemea picha hizo. Sultani alilipa fundi apate jina lake kwenye jiwe, na kijana mmoja aliyeketi barazani na msumari akapata nafasi ya kudumu bila kulipa.

Mwaka 1505 Wareno walifika na meli za Francisco de Almeida, wakaipora Kilwa, kisha wakaichoma Mombasa. Hawakuua ufundi kwa siku moja, lakini waliivunja biashara iliyokuwa ikiulipa. Wao wenyewe walijenga kwa namna nyingine. Ngome ya Yesu ya Mombasa, iliyoanza mwaka 1593 kwa ramani ya Giovanni Battista Cairati, Mwitaliano aliyekuwa kazini kwa mfalme wa Ureno, ilisimikwa juu ya mwamba mkavu, na sehemu nyingine imechongwa kwenye mwamba wenyewe. Juu ya mlango wake kuna maandishi ya 1639 ambamo kapteni Francisco de Seixas de Cabreira anahesabu miji ya pwani aliyoitiisha. Yanasomeka bado. Miaka 59 baadaye, mwaka 1698, ngome iliangukia mikononi mwa Waomani, na majigambo ya kapteni yakaachwa palepale.

Nakshi za tumbawe zilipungua baada ya hapo, ingawa hazikukatika mara moja. Kule Takwa, kwenye kisiwa cha Manda, kaburi la nguzo lina tarehe ya 1094 wa Hijria, ambayo ni miaka ya 1680. Kisha, katika karne ya 18, mkono wa fundi ulihamia kwenye lipu na mbao. Majumba ya Lamu na Pate yalijazwa zidaka za chokaa iliyochongwa ikiwa bado laini, safu juu ya safu, na milango ya mbao ikachukua fahari iliyokuwa ya fremu za mawe. Ukizitazama vizuri lipu za Lamu utaona zile zile kamba, maua na mifupa ya samaki. Hata kanuni ya kazi ni ileile: chonga kabla hakijakauka.

Adui wa mawe yaliyobaki ni wengi, na mtu ni mmojawapo. Mabakuli ya China yaliyopachikwa kwenye makaburi ya nguzo yalibanduliwa, mengi yakibakiza duara tupu. Mawe yaliyokatwa vizuri yalibebwa kujengea nyumba mpya, kwa kuwa nani ataacha jiwe la mraba lililo tayari akahangaike na mwamba? Miti inafuata: mbegu ya mti wa jamii ya mkuyu ikidondoshwa na ndege juu ya ukuta, mizizi hushuka ndani ya chokaa na kupanua ufa kidogo kidogo. Chumvi hupanda na unyevu kutoka chini, hukauka ndani ya vitundu vya tumbawe na kuganda, na uso wa nakshi huanza kuachia unga. Huko Kilwa mawimbi yamekuwa yakila ukingo wa kisiwa karibu na ngome iitwayo Gereza, na magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara, yaliyoandikwa urithi wa dunia mwaka 1981, yaliwekwa kwenye orodha ya urithi ulio hatarini mwaka 2004. Kazi ya kuimarisha kuta na kupanda mikoko ikafanyika, na mwaka 2014 yakaondolewa kwenye orodha hiyo.

Katika kutengeneza, saruji imefanya madhara makubwa kuliko ilivyotarajiwa. Ni ngumu kuliko tumbawe na haipitishi unyevu. Ukiziba ufa kwa saruji, maji yaliyokuwa yakitokea pale hutafuta njia nyingine, na njia hiyo huwa ni kupitia jiwe lenyewe. Baada ya miaka kiraka kinabaki kizima na nakshi ya pembeni inamomonyoka. Waashi wa urithi siku hizi wamerudi kwenye chokaa, pamoja na usumbufu wake wa kusubiri.

Jiwe lenyewe ndilo halipatikani tena. Mpaka miaka ya 1990 matumbawe hai yalikuwa yakivunjwa kwa wingi Mafia, kwa ajili ya ujenzi na chokaa, mpaka sehemu za mwamba zikabaki kifusi kisicho na samaki. Hifadhi ya Bahari ya Mafia ilianzishwa mwaka 1995, na kukata tumbawe hai sasa ni kosa. Sioni namna ya kulalamikia sheria hiyo. Tumbawe linalokua sentimita moja kwa mwaka halihimili shoka la karne hii. Lakini inamaanisha fundi anayetaka kurudisha kipande cha fremu Songo Mnara hawezi kwenda kwenye maji ya bamvua kama walivyokwenda waliotangulia. Anategemea mawe yaliyoanguka, anayoyaokota kwenye kifusi, kuyasafisha na kuyarudisha pale mahali pake panapotambulika. Hayo yameshakauka miaka mia sita na patasi inayapata kwa taabu. Pale ambapo kipande kimepotea kabisa, pengo hujazwa kwa chokaa tupu isiyo na nakshi, ili anayekuja atofautishe kazi ya wakati ule na kiraka cha juzi.